Barua kwa Mwanangu: Kofia Iliyobaki Mstarini

Mama yangu wa jina,

Ujumbe wako nimeusoma mara mbili, mara ya kwanza bila miwani nikadhani unaniomba pesa. Unasema mkubwa wako wa jiji huko Nakuru ameitwa serikalini Nairobi, na anataka muende pamoja. Halafu ukaniuliza: "Baba, wewe ulimwona Charles Rubia akiwa meya, ukamwona akiwa waziri. Cheo kilimbadilisha?"

Ungeniuliza bei ya unga ningekujibu kwa mstari mmoja.

Nikianza, nitaanza na lile ambalo wewe na kaka zako mlikuwa mkiliimba kunicheka mezani: mtaro haudanganywi. Chekeni tu. Meya anaweza kuhutubia saa mbili, lakini mtaro wa mtaa wa Ziwani ukiziba, jioni ile ile harufu inakaa nanyi mezani. Waziri akikosea, harufu huchukua miaka kumi kufika, na ikifika yeye ashapewa wizara nyingine. Ndiyo maana siku zote nimewaheshimu zaidi watu waliowahi kuongoza mji. Mji huwafundisha adabu.

Rubia alivaa mkufu wa umeya mwaka 1962, Mwafrika wa kwanza Nairobi, bendera ya Mwingereza ikiwa bado inapepea. Nilikuwa na miaka kumi. Nilimwona mara moja, kwa mbali, kati ya vichwa vya watu wazima, na kilichonikaa ni ule mkufu wala si uso. Babu yako alikuwa akitamka "Meya" kana kwamba ndilo jina alilopewa mtu huyo na mamake.

Na mji wenyewe ulikuwa si mchezo. Sensa ya 1962 ilihesabu watu kama 266,000. Ile ya 1969 ikahesabu kama 509,000. Wengine walikuja kwa basi na godoro kichwani, wengine hawakuja kabisa, mji ndio uliowafuata: mwaka 1963 mipaka ilipanuliwa hadi kilomita za mraba 690 hivi, watu wakalala shambani wakaamka wakiwa wakazi wa Nairobi. Siku hizo ndipo Delamere Avenue ilipogeuka Kenyatta Avenue. Watu walifurahi, na mimi nilifurahi, ila kubadilisha kibao ni kazi ya asubuhi moja. Kupeleka maji kwa mji unaokua usiku na mchana ndiyo kazi, na ilikuwa mikononi mwake hadi 1967.

Mwaka 1969 akaingia Bungeni kwa kiti cha jimbo la Starehe, Nairobi, kiti chetu, na baadaye Rais Moi akamfanya waziri. Swali lako liko hapo, na hapo ndipo ninapokwama, kwa sababu nikikaa nikafikiri, sikumbuki jambo hata moja alilofanya akiwa waziri. Nakumbuka aliyoyakataa. Mwaka 1986 Bunge lilipoondoa ulinzi wa kazi ya Mwanasheria Mkuu na ya Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu, Rais akaweza kuwafuta apendavyo, wengi walipiga makofi. Yeye alikuwa katika wale wachache waliosimama kupinga. Halafu ukaja mlolongo.

Wewe mlolongo umeusoma shuleni, mimi nilisimama ndani yake. Kura za mchujo za KANU, chama pekee kilichoruhusiwa, Februari 1988. Hakuna karatasi, hakuna sanduku. Wakala anainua picha ya mgombea, wewe mwenye kadi ya chama unajipanga nyuma yake mchana kweupe, na karani anapita akihesabu vichwa. Aliyepata zaidi ya asilimia 70 amepita moja kwa moja, hata ile kura ya siri ya Machi hahitaji. Kila mtu anamwona kila mtu. Utamu wake ulikuwa huo, na sumu yake pia ilikuwa hiyo hiyo.

Wakati huo nilikuwa karani katika ofisi moja ya umma, na tulikuwa tunangoja nyumba ya kazi, vyumba viwili na choo cha ndani. Mama yako alishachagua rangi ya pazia. Juma moja kabla, mkubwa wangu alinipitia mezani, akaweka mkono begani, akasema taratibu, "Nyumba yako iko karibu. Tutaonana uwanjani." Basi. Hakutaja mtu, hakutisha mtu. Nimesikia vitisho vingi maishani, na hakuna kilichokuwa na adabu kama hicho.

Siku yenyewe jua lilikuwa la Februari, unalijua. Niliamka mapema nikajipanga nyuma ya picha ya Rubia, na nyuma yangu akasimama yule mzee fundi cherehani aliyewashonea sare zenu zote. Mstari wetu ulikuwa mrefu ukapinda. Nilijisikia mtu, nakwambia ukweli. Halafu nikatazama ng'ambo ya uwanja nikamwona mkubwa wangu kwenye mstari mwingine. Hakunipungia mkono. Alinitazama tu, kisha akatazama saa yake.

Nilimwambia mzee, "Nakwenda kununua sigara, nishikie nafasi." Nikavua kofia, ile ya kahawia yenye utepe, nikaiweka chini mahali nilipokuwa nimesimama. Nikaenda. Sigara nilinunua kweli, usinifanye mwongo hadi huko. Lakini niliivutia nyumbani, nimekaa kitandani, wewe unacheza miguuni pangu, na filimbi ya kuanza kuhesabu nikaisikia nikiwa hapo.

Jioni mzee akabisha mlango. Alikuwa na kofia mkononi, ameipangusa vumbi. Akasema, "Kijana, nilimwambia karani ahesabu na kofia. Akacheka." Akampa mama yako kofia, akakataa chai, akaenda zake. Tangu siku hiyo hadi anakufa hakulitaja tena, na aliendelea kunishonea kwa bei ile ile. Angenitukana ningeshukuru.

Rubia alishindwa mwaka huo. Kote nchini watu walisimulia mistari mirefu iliyotangazwa kuwa mifupi, kwa hiyo kichwa changu kimoja kisingebadilisha kitu. Hesabu hiyo nimeipiga usiku mwingi na kila mara inatoka sawa, na kila mara hainisaidii.

Nyumba tulipata. Ndiyo ile mliyokulia. Mama yako aliitundika kofia kwenye msumari nyuma ya mlango, na wewe ukikua ukawa unaivaa kucheza polisi, nami nikakukataza kwa ukali ambao najua hukuuelewa. Sasa unauelewa.

Mama yako amesoma hadi hapa juu ya bega langu, anasema namtukuza mtu bure. Anasema Rubia alikuwa tajiri, mfanyabiashara, na tajiri akikataa jambo ana mahali pa kuangukia. Karani akikataa anaangukia barabarani na watoto watatu. Ni kweli. Nimejiambia hivyo miaka yote. Lakini basi mbona matajiri wengine, wenye mahali pa kuangukia kupana kuliko pake, walipiga makofi? Na mbona mzee fundi cherehani, ambaye alikuwa na cherehani moja na pumu, hakutoka mstarini? Mama yako ananyamaza. Sasa anasema mzee hakuwa akingoja nyumba. Haya, tuache.

Yaliyofuata unayajua. Tarehe 3 Mei 1990, Rubia na Kenneth Matiba, mawaziri wa zamani wote wawili, waliwaita waandishi wa habari wakadai vyama vingi hadharani. Wakataka kufanya mkutano uwanja wa Kamukunji, Nairobi, Jumamosi ya tarehe 7 Julai, wakanyimwa kibali. Tarehe 4 wakatiwa kizuizini bila mashtaka. Ile Saba Saba, tarehe 7 yenyewe, polisi walipotupa mabomu ya machozi, ulikuwa na miaka mitano, ukaniuliza kwa nini macho yanawasha ilhali hatujakata vitunguu. Desemba 1991 kifungu cha 2A cha Katiba, kile cha chama kimoja, kikafutwa, vyama vikarudi, na ghafla kila mtu mtaani kwetu alikuwa ameupinga mlolongo tangu zamani. Nilikuwa nikiwasikiliza, sisemi kitu.

Alipokufa Desemba 2019, magazeti yakaandika meya, mbunge, waziri, mfungwa, kwa mpangilio kama ngazi. Nilisoma nikaona wameandika vizuri, lakini hawakusema ni ngazi ipi ilikuwa ya kupanda na ipi ya kushuka. Mimi nadhani ile ya waziri ndiyo alikokuwa chini zaidi. Hapana, nifute hilo. Sikuwa ndani ya wizara, najuaje? Huenda alifanya mambo mengi mazuri yasiyonuka, na kazi nzuri haina harufu. Mtaro uliozibuliwa nani huuona?

Kwa hiyo, kama kilimbadilisha? Unaniuliza mimi, wakati aliyebadilika mchana ule kwa sababu ya vyumba viwili na choo ndiye anayekuandikia. Sitasema nenda Nairobi wala baki Nakuru. Ulimi unaniwasha, mama yako anajua, lakini sisemi. Nitakuuliza jambo moja tu, na hili si hukumu: huyo mkubwa wako, mtaro ukiziba huko Nakuru, huwa anakuja yeye au anatuma picha? Nadhani unajua jibu ningelipenda. Mtaro haudanganywi. Basi, nimenyamaza.

Shangazi yako anakusalimu, goti lake ni lile lile. Wadogo wamepewa likizo fupi. Ukija Pasaka pitia dukani uniletee dawa ya nondo, ile ya vidonge vyeupe, maana nilifungua sanduku juzi nikakuta utepe wa kofia umeanza kuliwa.

Baba yako