Maambukizi Yanayotokana na Mpira wa Mkojo: Msimbo Upi Utangulie?

SWALI: Mwalimu, ninafanya kazi katika sehemu ya rekodi za wagonjwa hapa Kisumu, na jioni ninajisomea usimbaji wa Kimarekani, yaani kuandika magonjwa kwa misimbo. Nilipokea faili ya mzee wa miaka 71 aliyelazwa kwa homa na kutetemeka, akiwa na mpira wa mkojo aliowekewa majuma matatu kabla kwa ajili ya tezi dume. Maabara iliotesha bakteria wa E. coli katika mkojo wake. Daktari aliandika "UTI" tu, yaani maambukizi ya njia ya mkojo, nami nikaweka N39.0, msimbo wa maambukizi hayo. Mwenzangu anasisitiza kwamba ilifaa T83.5. Ni nani aliye sahihi?

JIBU: Dada, kwa jinsi faili hiyo ilivyo sasa, N39.0 ndiyo unayoweza kuitetea, ingawa nashuku kwamba haielezi yote yaliyompata mzee. T83.5 inatamka kwamba maambukizi yamesababishwa na kifaa kilichowekwa katika njia ya mkojo. Kutamka sababu ni kazi ya daktari aliyempima mgonjwa. Si kazi yangu wala yako. Mpira na maambukizi vikikutana katika mwili mmoja, hilo peke yake halitupi ruhusa ya kuviunganisha.

Kwa hiyo mrudishie daktari faili pamoja na swali la maandishi. Usimwulize kama unaweza kuweka T83.5, kwa maana hapo utakuwa umemtia jibu kinywani. Mwandikie ulichokiona: mgonjwa ana mpira tangu tarehe fulani, ana homa, mkojo umeotesha E. coli, tafadhali eleza kama maambukizi haya yametokana na mpira, yana sababu nyingine, au haiwezekani kubainisha. Nakala ya swali hilo na jibu lake vibaki ndani ya faili.

Huenda ukaona kwamba karatasi ya maabara inatosha. Haitoshi. Mpira ukikaa mwilini, bakteria hujishikiza kwenye kuta zake na kujijengea utando, na kila siku inayopita, asilimia 3 hadi 7 ya wagonjwa wenye mpira huanza kuwa na bakteria katika mkojo. Ukitimia mwezi, karibu wote wanao, na wengi wao hawaumwi na chochote. Bakteria waliopatikana bila dalili ni matokeo ya kipimo, ambayo mahali pake ni R82.7. Tena sisi tulio kando ya ziwa tuna jambo la kuzingatia zaidi: homa ya mzee huyo ingeweza kuwa malaria. Angalia kama slaidi ya damu ilisomwa na ilisema nini, kwa sababu nimekutana na faili ambazo homa, mpira na malaria vimo katika ukurasa mmoja, na aliyetibiwa malaria akaandikiwa maambukizi ya mpira.

Tuseme daktari amejibu kwamba yametokana na mpira. Katika ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa ya Shirika la Afya Duniani, T83.5 hutangulia, kisha N39.0 kuonyesha maambukizi yenyewe, B96.2 kwa E. coli, na Y84.6. Huo wa mwisho usiuache. T83.5 hukusanya pamoja mpira, stenti (kijibomba cha kuzuia njia isizibe) na vifaa vingine vyote vya njia ya mkojo, na Y84.6 ndiyo inayosema kwamba chanzo kilikuwa kumwekea mgonjwa mpira. Daktari akitaja figo badala ya njia ya mkojo kwa jumla, N10 itachukua nafasi ya N39.0. Mpira ulioziba bila maambukizi ni T83.0.

Katika mfumo wa Kimarekani, T83.5 imegawanywa zaidi tangu Oktoba 2016. Mpira uliopitishwa katika mrija wa mkojo ni T83.511, uliopitishwa tumboni hadi kibofuni ni T83.510, wa figo ni T83.512, na stenti ya ureta (mrija wa kutoka figo hadi kibofu) ni T83.592. Herufi ya saba ni A wakati matibabu yanaendelea, hivyo mzee wako atapata T83.511A, kisha N39.0 na B96.20. Kwa kuwa msimbo huo umekwisha kutaja kifaa chenyewe, Y84.6 hailazimiki. Daktari akithibitisha kwamba bakteria wameingia katika damu na kuleta sepsisi (mwili kuzidiwa na maambukizi), T83.511A itabaki mbele na A41.51, msimbo wa sepsisi ya E. coli, itaifuata. Huko pia utaulizwa kama tatizo lilikuwepo mgonjwa alipolazwa. Kwa mzee huyu jibu ni ndiyo. Swali hilo lina uzito, kwa sababu tangu Oktoba 2008 Medicare, bima ya afya ya serikali ya Marekani hasa kwa wazee, hailipi nyongeza kwa maambukizi ya mpira yaliyoanzia hospitalini. Utasikia pia habari ya mpira kukaa zaidi ya siku mbili: hicho ni kigezo cha ufuatiliaji wa maambukizi, wala si kanuni ya kuchagua msimbo.

Mwanzoni mwa kazi yangu, katika hospitali moja ambayo sitaitaja, niliandika N39.0 peke yake kwa miezi mingi bila kumwuliza daktari yeyote. Kamati ya kuzuia maambukizi ilipotaka idadi ya waliougua kwa sababu ya mpira, kompyuta ilitoa sifuri, nami nilikuwa nimepita wodini asubuhi hiyohiyo nikaona mfuko wa mkojo umelala sakafuni, bomba lake limejikunja chini ya gurudumu la kitanda. Sifuri ile ilikuwa yangu, na wodi ile haikupata mafunzo iliyoyahitaji.

Kabla hujapeleka swali kwa daktari, pitia maandishi ya wauguzi utafute tarehe ambayo mpira uliwekwa au kubadilishwa. Ikikosekana, mwulize muuguzi wa zamu, naye aiandike na kutia sahihi.