Monster Hunter: World: jinsi ninavyopanga risasi nisiishiwe katikati ya windo

Mkuu, swali lako ni lile ambalo karibu kila anayehamia kwenye bunduki hulifikia. Unasema umetoka kwenye upanga mkubwa, umechukua Heavy Bowgun (ile bunduki nzito), unakwenda kumtafuta Diablos, dubwana lenye pembe, kule jangwani Wildspire Waste, unafyatua mpaka risasi zote za maana zinakwisha, unabaki na Normal 1, zile dhaifu zisizoisha, huku yeye bado anachimba mchanga na nguvu zake zote. Unauliza kama urudi kwenye upanga. Usirudi. Bunduki ni silaha tamu sana ukishajua kuilisha, na kuilisha kunaanza kabla hujatoka kambini.

Mimi natumia bunduki tangu gemu hili lilipofika kwenye PC Agosti 2018, na sikuziacha nyongeza yake, Iceborne, ilipotufikia Januari 2020. Kwa uzoefu wangu, mwindaji wa bunduki hubeba malighafi, na risasi zilizo tayari ni za kuanzia kazi tu. Sticky, zile za kunata kisha kulipuka, za kila daraja (namba baada ya jina ndiyo daraja) huwezi kubeba zaidi ya 9. Normal 2 mwisho wake ni 99. Ukiondoka na Sticky 3 zako 9 bila kitu cha kutengenezea nyingine, basi una 9 na habari imeishia hapo. Lakini mkoba wa risasi uko peke yake, na mkoba wa vitu vya kawaida uko peke yake. Huo wa pili ndio stoo yako ya kutembea nayo.

Kitu cha kwanza kuingia humo ni Huskberry. Hilo ndilo ganda la risasi nyingi: lichanganye na Needleberry upate Normal 2, na Fire Herb upate za moto, na Flowfern upate za maji, na Sleep Herb upate za usingizi, na Toadstool upate za sumu, na Parashroom upate za kupoozesha, na Slashberry upate zile za kukatia mkia. Daraja za juu mara nyingi huacha ganda na kudai baruti. Spread 3 (risasi za kutawanyika), kwa mfano, ni Scatternut na Gunpowder 3. Huna haja ya kukariri yote, menyu ya kuunda vitu itakuonyesha. Unachotakiwa kujua ni risasi zipi mbili au tatu bunduki yako inazipenda, maana kila bunduki ina jedwali lake: magazini inachukua ngapi, teke lake ni kubwa kiasi gani, kujaza kunachukua muda gani. Beba malighafi za hizo tu. Naona watu wanajaza mkoba aina kumi na tano za risasi, nusu yake bunduki yao inazifyatua kwa teke la kuwaangusha.

Kisha hizo michanganyiko ziweke kwenye menyu ya duara. Kwenye padi unashikilia L1, au LB kama padi yako ni ya Xbox, unasukuma kijiti cha kulia upande uliouchagua, risasi zinaundwa huku miguu inaendelea kukimbia. Huyo huyo Diablos anakupa nafasi nzuri kabisa ya kufanya hivyo. Anapozama mchangani unaona tuta la vumbi linakuja linajipindapinda kuelekea kwako. Wakati huo huwezi kumpiga hata ukitaka. Mimi hapo naweka bunduki mgongoni, nakimbia kwa ubavu nisikae kwenye njia yake, na kidole kinasukuma kijiti kwenye Normal 2, tena, tena. Akichomoka pembe juu, mkoba umejaa. (Ukiwa na Screamer Pod, kitu cha kurusha kinachopiga kelele, unaweza kumtoa mchangani kwa lazima, lakini kama ndiyo kwanza risasi zako zinakaribia kwisha, mwache azame.)

Ukishapata mchanganyiko wa vitu unaoutaka, uhifadhi pale kwenye sanduku kama seti, risasi na malighafi pamoja, uipe jina la bunduki. Kabla ya kila windo unaichagua, mikoba yote miwili inajaa yenyewe. Na sanduku lako lisikauke: pale Astera, makao ya wawindaji, Botanical Research wanakuzalishia mimea na kokwa kama Blastnut, wewe unachagua cha kupanda na kuongeza mbolea. Nikirudi windoni napita pale kabla hata sijaenda kula.

Kuna jambo linaloshangaza wengi waliocheza matoleo ya zamani. Zamani ulichotoka nacho ndicho ulichokuwa nacho mpaka mwisho. Katika World, hema la kambini lina sanduku lako zima. Unaweza kurudi katikati ya windo, ukajaza kila kitu, hata ukabadili silaha. Dubwana likikimbilia eneo jingine na halikufuatilii tena, fungua ramani, safiri mpaka kambi iliyo karibu, jaza, toka. Kama linakung'ang'ania, tumia Farcaster, kifaa cha kukurudisha kambini, ikutoe hapo hapo. Windo la kawaida lina dakika 50, na safari ya hemani hukuli muda mwingi. Kuna wanaoona kurudi hemani ni udhaifu. Mimi naona kukaa dakika ishirini ukifyatua Normal 1 kwenye magamba ya Diablos ndiko kupoteza windo, na kama mko kundi, ni kuwachelewesha wenzako.

Sasa nije kwenye sehemu ambayo naamini ndiyo inayokumaliza zaidi: umbali. Tazama duara la shabaha unapolenga. Linabadilika rangi ukiwa katika umbali unaofaa kwa risasi iliyomo. Ukiwa nje ya umbali huo risasi inafika, namba inatokea, lakini ni namba ndogo, na gemu halikuonyi kwamba umetupa risasi nzuri. Spread inataka uwe karibu sana, karibu kiasi cha kuogopesha. Normal inakupa uhuru zaidi. Pierce, ile ya kupenya, haitaki ukaribie mno, na pia inataka mwili mrefu wa kupita, kwa sababu kila hatua inayopenya ndani ya mwili inahesabika kama pigo. Kwa Diablos, simama mbele yake akiwa ameinamisha kichwa, lenga ili risasi iingie kichwani itokee mkiani. Utaona namba zinafuatana kwa mfululizo. Ukiwa ubavuni kwake, risasi ile ile inapita upana wa mbavu tu na kutoka, na mapigo yanakuwa machache. Risasi ni moja, mkoba ni ule ule, tofauti ni mahali uliposimama. Ndiyo maana nasema mwenye bunduki anatembea kuliko anavyofyatua. Jizoeze kuhama hatua tatu ndipo ufyatue, hata kama mkono unawasha.

Sticky ni kinyume chake. Mlipuko wake haujali umbali wala ugumu wa gamba, kwa hiyo ni dhambi kuzipiga mgongoni kwa sababu tu mgongo ndio uliokuwa mbele yako. Zipeleke kichwani, maana huko zinamlewesha dubwana mpaka linaanguka. Likianguka, badilisha risasi mara moja uingize za uharibifu mkubwa. Sticky zimeshafanya kazi yake.

Za moto, maji, barafu na radi zinategemea kujua adui. Anjanath anaumizwa na maji, Legiana na radi, Paolumu na moto, Odogaron na barafu. Diablos wako naye ni barafu. Ukimpiga Anjanath risasi za moto unampunguzia kazi.

Za usingizi, sumu na kupoozesha zina tabia yake: kila zinapofanikiwa, dubwana linazidi kuwa gumu kuathirika mara inayofuata, na ukipiga mbili ukaacha, ulichokijenga kinapungua chenyewe. Kwa hiyo ukianza, maliza. Mimi nikishalilaza mara mbili, basi, sitengenezi nyingine. Na kabla ya kulilaza nahakikisha mapipa ya baruti yapo, kwa sababu pigo la kwanza la kuliamsha linaumiza maradufu. Kuliamsha kwa Normal 2 moja ni hasara kubwa.

Usisahau kwamba una risasi maalumu isiyotoka mkobani kabisa. Heavy Bowgun ina Wyvernheart au Wyvernsnipe kulingana na bunduki, Light Bowgun ina Wyvernblast, na zote zinajijaza zenyewe kadiri muda unavyokwenda. Ikishajaa halafu ukakaa nayo, umepoteza risasi za bure. Dubwana likiwa limenaswa mtegoni au limeanguka, Wyvernheart kwanza.

Kwenye ujuzi wa mavazi, watu huchanganya mawili. Free Elem/Ammo Up inaongeza idadi inayoingia kwenye magazini, yaani unajaza mara chache. Mkobani haiongezi hata moja. Spare Shot ndiyo inayokupa bahati ya kufyatua bila risasi kupungua. Kwa tatizo lako mimi ningetanguliza ya kwanza hata hivyo, kwa sababu Diablos hakupi muda wa kujaza.

Ukiamua kulikamata badala ya kuliua, tenga Tranq Ammo, risasi za kulituliza, tangu mwanzo: alama ya fuvu ikitokea kwenye ramani, weka mtego, piga mbili, kazi imeisha, na risasi ambazo zingetumika dakika za mwisho zimebaki sandukuni.

Kwa aliyeuliza chini yako kuhusu upinde: mishale haiishi, kinachoisha ni Coating, yaani vile vya kupaka mishale. Kile cha kupigia karibu hakina kikomo, Power Coating ndiyo inayokwenda haraka, nayo unaitengeneza kwa Nitroshroom na Empty Phial. Itunzie wakati dubwana limeanguka, na mengine niliyosema juu ya malighafi na menyu ya duara yanakuhusu vilevile.

Mkuu, nitajie jina la bunduki unayotumia na kama unawinda peke yako au na wenzako. Nikijua jedwali lake la risasi nitakuandikia seti kamili ya kuhifadhi kwa ajili ya Diablos.