Maswali ya Wasomaji: Miaka 9 Bila Kuwa Steringi

Swali: Ndugu Mhariri, mdogo wangu anaigiza filamu kwa mwaka wa 9 sasa, lakini kila mara hupewa nafasi ya mlinzi, jirani au dereva wa teksi, steringi hajawahi kuwa. Je, nimshauri atafute kazi nyingine? Msomaji, Morogoro.

Jibu: Ndugu msomaji, kama pato lake halitoshi, hilo mlizungumze nyumbani, lakini kama sababu ni kwamba hajawa steringi, nakusihi usimwambie aache.

Mtazame Harry Dean Stanton, Mmarekani aliyezaliwa Kentucky mwaka 1926, ambaye tangu miaka ya 1950 aliigiza nafasi ndogondogo, akiwemo fundi wa chombo cha angani katika Alien (1979). Alipopewa nafasi kuu katika Paris, Texas ya mwongozaji Wim Wenders, filamu iliyoshinda Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1984, alikuwa na umri wa miaka 57. Humo anaigiza mtu anayetokea jangwani na kukaa muda mrefu bila kutamka neno, na mimi naamini ukimya ule aliujifunza katika zile nafasi ndogo, ambamo mwigizaji hupewa sentensi mbili tu na bado anatakiwa kutuaminisha kwamba mtu huyo alikuwa na maisha kabla hatujamwona.

Mfano ninaoupenda zaidi ni The Straight Story (1999) ya mwongozaji David Lynch. Mzee mmoja anasafiri kwa trekta dogo la kukatia nyasi, kutoka Iowa hadi Wisconsin, kumwona kaka yake mgonjwa ambaye hawajasemezana kwa miaka mingi. Kaka huyo ni Stanton, naye anaonekana katika tukio la mwisho tu, kwa dakika chache. Anaitazama ile mashine, anaelewa ndugu yake amesafiri nayo njia yote hiyo, na machozi yanamlengalenga. Uso wake usingetosha hapo, safari nzima ingepotea bure.

Katika filamu huru, yaani zile zinazotengenezwa nje ya studio kubwa, ambazo bajeti yake ni ndogo na wahusika ni wachache, uzito wa nafasi kama hizo huongezeka. Stanton alibeba nafasi kuu tena katika Lucky, iliyoanza kuonyeshwa kwenye sinema za Marekani wiki mbili baada ya kifo chake, Septemba 2017, akiwa na miaka 91.

Kwa hiyo muulize mdogo wako swali moja: je, waongozaji aliowahi kufanya nao kazi humwita tena? Kama humwita, mwache aendelee.