Mzee akibadilika, uliza kwanza imeanza lini: kwa mhudumu mpya

Ukianza kazi ya kumhudumia mzee mwenye dimensia, yaani ugonjwa wa ubongo unaokula kumbukumbu, familia itakuelekeza mengi siku ya kwanza: dawa ipi saa ngapi, uji mzito au mwepesi, nani apigiwe simu. Hawatakueleza la kufanya mzee akigeuka tabia, kwa sababu wao wenyewe limewashinda. Babu aliyekuwa mpole anaanza kutukana. Bibi aliyekuwa anaoga bila maneno anashikilia mlango wa bafu na kupiga kelele mpaka majirani wanachungulia. Wenye nyumba watakwambia, "Ugonjwa umepanda." Pengine ni kweli, lakini usikubali haraka hivyo.

Uliza kwanza: imeanza lini? Alzheimer, ambayo ndiyo dimensia inayowapata wengi zaidi, hutambaa kwa miezi na miaka. Haimgeuzi mtu kati ya Jumatatu na Jumatano. Mzee akibadilika ndani ya saa au siku chache, akawa hashiki hata yale aliyokuwa akiyashika juzi, au analala mchana kutwa na hashtuki ukimwita, au hatulii anavuta vuta shuka, jua mwili una tatizo jipya. Inaweza kuwa UTI (maambukizi ya njia ya mkojo), nimonia, malaria, maji kupungua mwilini, kufunga choo siku kadhaa, mkojo kuziba, au dawa aliyoandikiwa wiki hii. Mwenye kisukari anayetumia insulini au vidonge, sukari inaweza kuwa imeshuka. Na usidanganywe na kipimajoto: mzee anaweza kuwa na maambukizi makubwa na joto lake likabaki la kawaida. Huyo anapelekwa hospitali siku hiyohiyo. Ukiona mdomo umepinda au mkono mmoja umelegea, usingoje hata chai iive.

Kama mabadiliko yamekuja polepole bado una kazi ya kutafuta, ila sasa una muda. Nunua daftari la kawaida la shule. Kila anapofoka au kulia, andika saa, alikuwa wapi, nani alikuwepo, nini kilitangulia na nini kilimtuliza. Usiandike "alikuwa mkorofi", kwa sababu hilo halimsaidii daktari wala wewe. Andika "saa nne asubuhi, nilipomvua kanga, alinipiga mkononi." Baada ya siku chache utaanza kuona mpangilio. Kuna bibi mmoja ambaye familia iliamini anachukia chakula. Daftari likaonyesha alikuwa anakataa vitu vya kutafuna tu, uji anamaliza. Jino lilikuwa limeoza. Hakuwa na maneno tena ya kusema jino linauma, akabaki kusukuma sahani.

Maumivu ndiyo yanayosahaulika kuliko vyote. Magoti, mgongo, kidonda cha kulalia, kucha iliyoingia nyama. Mtazame uso unapomgeuza kitandani: akikunja ndita, akishika nguo yako kwa nguvu, ameshajibu. Angalia pia masikio na miwani. Mtu asiyesikia vizuri, anayeona vivuli tu, lazima atashtuka ukimshika bega kutoka nyuma.

Kwa hiyo mwendee kwa mbele, polepole, umwamkie. Hili la kuamkia si adabu tu. Wengi waliosahau majina ya watoto wao bado "Shikamoo" ukiwapa watakujibu "Marahaba" bila kufikiri, na uso unafunguka. Ngoja ile marahaba ndipo useme ulichokuja nacho, jambo moja kwa wakati mmoja. Ukimwambia "Bibi amka tuoge uvae unywe chai dawa zinasubiri," umemmwagia maneno ambayo hawezi kuyabeba.

Kuoga ndipo ugomvi mwingi unapotokea, na mimi huwaelewa wazee kabisa. Hebu fikiria mtu usiyemkumbuka anakuvua nguo kwenye chumba chenye baridi kisha anakumwagia maji kichwani. Pasha maji mapema. Kila kitu kiwe tayari, sabuni, taulo, nguo safi, usimwache peke yake ukakimbilia kutafuta dodoki. Mwache na kanga mwilini, umwogeshe chini yake. Anza na miguu, upande juu, kichwa mwisho au siku nyingine. Mpe kata aishike yeye, hata kama hamwagi chochote. Mkono wenye kazi haupigi sana. Akikataa kata kata, mpanguse kwa kitambaa sehemu zinazohitaji, mambo yaishe. Hakuna aliyekufa kwa kukosa kuoga Alhamisi. Kama ni mwanamume mzee na wewe ni binti, au kinyume chake, mwambie mwenye nyumba mapema atafutwe mtu wa jinsia yake. Aibu haitoki na kumbukumbu.

Halafu utaitwa mwizi. Itatokea, jiandae. Bibi alifunga noti kwenye pembe ya kanga, akaificha chini ya godoro au ndani ya sufuria, akasahau kuwa ameficha. Pesa haipo, na wewe ndiye mgeni ndani ya nyumba. Kwake yeye hilo ni hesabu iliyokamilika. Usiape, usilie, usimwonyeshe kuwa alisahau. Sema, "Pole bibi, pesa kupotea inauma. Twende tuitafute." Itafuteni pamoja, na uache yeye ndiye aipate. Kwa upande wako, siku ya kwanza kabisa kubaliana na familia mbele ya mtu wa tatu: fedha na dhahabu zihamishwe, abakiziwe noti ndogo ndogo za kushika. Mkwe wa nyumbani naye atashutumiwa, mara nyingi kuliko wewe, na anahitaji mtu wa kumwambia kwamba hilo ni ugonjwa.

Jioni ina mambo yake. Kuanzia saa kumi na moja wengine huanza kuzunguka, wanataka kwenda nyumbani, nao wako nyumbani. Wanataka mama yao. Usimwambie mama alishafariki. Atafiwa upya, na kesho tena. Muulize mama alikuwa anapika nini, shamba lilikuwa upande gani. Mtembeze uani mzunguko mmoja, mrudi ndani kwa chai. Washa taa kabla ya magharibi, funga pazia ili asione watu gizani kwenye kioo, na punguza kelele: ndiyo saa watoto wanarudi, televisheni inaguruma na jikoni kunagongwa vyombo. Akiwa ameshaswali magharibi na anataka kuswali tena, mtandikie mswala. Hapo kuna utulivu ambao dawa haikupi.

Nikija kwenye dawa, siwapingi madaktari. Ila familia zilizochoka hukimbilia kumlaza mzee, na la kwanza wanalolipata dukani ni Piriton. Dawa hizo za mafua na mzio zinazoleta usingizi humzidishia mzee kuchanganyikiwa, humkausha mdomo na zinaweza kumzuia mkojo, kesho yake mnashangaa amekuwa mbaya zaidi. Hata dawa rasmi za kutuliza, kama haloperidoli, huongeza hatari ya kifo kwa wazee wenye dimensia, kwa hiyo hutolewa pale mzee anapokuwa hatari kwake au kwa wengine, kwa kiasi kidogo na kwa muda mfupi. Kama mzee wako huona watu au wanyama wasiokuwepo na pia anatembea kwa kukakamaa, mwambie daktari hayo mawili kabla hajaandika chochote. Kuna aina ya dimensia, ya miili ya Lewy, ambayo mgonjwa wake anaweza kudhurika vibaya sana na haloperidoli. Ukienda kliniki beba dawa zote kwenye mfuko mmoja, na za mitishamba pia, hata kama watoto wanaona aibu.

Nimebakiza majirani. Miaka ya 1980 na 1990 vikongwe wengi waliuawa Shinyanga na Mwanza kwa kushukiwa uchawi, wengine kwa macho mekundu tu ya moshi wa kuni, na Kilifi wazee bado wamekuwa wakiwindwa kwa shutuma hizohizo. Bibi anayezurura usiku, akaonekana uani kwa watu akiwa nusu uchi anaongea peke yake, yuko kwenye hatari ya kweli. Ishauri familia iwaambie majirani, mjumbe na mwenyekiti wa mtaa sasa hivi, mchana, kwa maneno mepesi: mama ana ugonjwa wa ubongo, mkimwona nje msimfukuze, mwamkieni mtupigie. Komeo la mlango liwekwe juu au chini kabisa, pale asipozoea kulitafuta, lakini usimfungie ndani peke yake. Moto ukizuka hatatoka. Namba ya simu ishonwe ndani ya dera au shati. Ukiiandika kwenye karatasi na kuitia mfukoni, ataitoa na kuichana kabla hajafika getini.