Usitie saini mkataba mmoja kwa jukwaa, michoro na filamu

Usitie saini karatasi hiyo. Umeuliza mtu anayechora, kuigiza na kutengeneza filamu aanze na lipi, na kama akubali mkataba unaompa mtayarishaji wa mchezo wa kuigiza "kazi zote zitokanazo na onyesho". Maneno hayo ya mwisho ndiyo yaliyonileta hapa, kwa kuwa ni yaleyale niliyotia saini mimi.

Nilichora mandhari ya jukwaa, kisha nikaipiga michoro hiyo picha mojamoja hadi ikawa filamu fupi ya kuoneshwa nyuma ya waigizaji. Mtayarishaji alinihakikishia kwamba karatasi ile ni ya utaratibu tu na kwamba michoro itabaki yangu. Onyesho lilipokwisha nilirudishiwa michoro kweli, lakini nilipotaka kuichapisha na kuipeleka filamu kwenye tamasha, niliambiwa niombe ruhusa yake, nayo sikupewa. Alijua vizuri alichonificha: kumiliki karatasi iliyochorwa ni jambo moja, na kumiliki hakimiliki ya mchoro, yaani haki ya kuamua nani auchapishe au auoneshe, ni jambo jingine kabisa. Kumdanganya msanii namna hiyo huku ukimwita ndugu ni unyang'anyi, na hasira yangu haijaisha.

Sisi tuna hatari kubwa kuliko anayechora tu, kwa sababu jasho letu moja huzaa kazi kadhaa. Mtazame William Kentridge wa Johannesburg, ambaye huchora kwa mkaa, hufuta na kuchora tena juu ya karatasi ileile huku kamera ikinasa kila badiliko: filamu huoneshwa, michoro inayobaki hutundikwa katika maonyesho, na mwaka 1992, katika mchezo wa jukwaani Woyzeck on the Highveld, filamu za namna hiyo zilioneshwa pamoja na vikaragosi vya kikundi cha Handspring Puppet Company. Ukihamisha "kazi zote", yote hayo yamekwenda kwa malipo ya mchezo mmoja. Tena chini ya Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa unaolinda kazi za sanaa na maandishi, hakimiliki ya mchoro hudumu angalau miaka 50 baada ya kifo cha mchoraji, kwa hiyo saini hiyo yaweza kuwafunga hata warithi wako.

Mpe mtayarishaji leseni ya kutumia michoro na filamu katika onyesho hilo pekee, kwa muda uliotajwa. Uchapishaji, maonyesho, filamu na uigizaji wako mbele ya kamera, kila kimoja kiwe na kifungu chake na malipo yake. Akikuambia kwamba hayo yanaeleweka bila kuandikwa, mwombe ayaandike, na usiguse brashi hadi atakapofanya hivyo.