Jibu: Je, ni umaskini uliomzuia Devdas kumwoa Parvati?

Ndugu, umaskini peke yake, hapana. Katika Devdas, riwaya ya mwandishi wa Kibengali Sarat Chandra Chattopadhyay (1917), baba yake Devdas ni zamindari, bwana wa ardhi. Ukoo wa Parvati, msichana anayempenda, unadharauliwa na ukoo wa Devdas kwa sababu hupokea mali unapomwoza binti. Lakini Parvati naye ana fahari yake, na hapo ndipo riwaya inaponishika. Usiku anamfuata Devdas chumbani, aibu yote ameiweka kando. Devdas anakwenda mjini Calcutta na kumwandikia barua ya kumkana. Anaporudi akijuta, Parvati anamkatalia waziwazi, naye Devdas anampiga usoni kwa fimbo ya kuvulia samaki. Wasomaji wengi humlilia Devdas. Mimi namlilia Parvati, aliyeozwa kwa mgane tajiri mwenye watoto wakubwa.