Hati ya kiapo haipunguzi umri, na jaji haajiri

SWALI: Shikamoo wakili. Natokea Tandahimba. Miezi minne iliyopita niliondolewa kwenye usaili wa jeshi moja, nikaambiwa umri umezidi. Cheti cha kuzaliwa kinaonyesha nina miaka 24, ila NIDA inasoma 27. Mtu mmoja hapa Mtwara anasema ataniandalia hati ya kiapo kwa 150,000, mahakama iamuru niajiriwe. Ni kweli?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Si kweli, na uongo huu umewala vijana wengi huku kusini, hasa pesa za korosho zikishaingia. Mahakama Kuu haipimi kama unafaa kuwa askari. Inapima kama waliokukata walifuata sheria na masharti waliyoyatangaza wenyewe. Ukishinda, uamuzi unatenguliwa na unafikiriwa upya; wanaweza kukukata tena kwa sababu halali.

Hiyo hati ya kiapo ni maneno yako mwenyewe yaliyogongwa muhuri. Haigusi kumbukumbu za NIDA. Hizo hurekebishwa NIDA, ukiwapelekea cheti cha kuzaliwa na vya shule. Halafu kitazame vizuri cheti chako, pale penye tarehe ya kuandikishwa. Kama uliandikishwa wiki mbili kabla ya tangazo la ajira, wakili wa Serikali ataanzia hapohapo.

Sasa lisome tangazo. Kama lilisema umri unathibitishwa kwa cheti cha kuzaliwa, nao wakatumia NIDA, una hoja. Kama lilidai taarifa zote zilingane, huna kesi; una marekebisho ya kufanya kabla ya ajira zijazo.

Ukiwa na hoja, kimbia. Kanuni za mapitio za mwaka 2014 zinataka maombi ya kibali cha mapitio, yaani ruhusa ya kuiomba Mahakama Kuu iukague uamuzi huo, yafunguliwe ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Barua za malalamiko hazisimamishi siku hata moja, na wengi huzama hapa wakisubiri kujibiwa. Kibali kikitoka, una siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aitwe. Mahakama Kuu ipo Mtwara, kwa hiyo hakuna haja ya kwenda Dar es Salaam.

Vishoka, mawakili bandia, huharibu zaidi kwenye kiapo cha kuunga mkono maombi. Wanajaza hoja za sheria badala ya ukweli wa tukio, na chini wanaacha wazi tarehe na mahali pa kuapia. Pingamizi moja tu, maombi yanatupwa, na miezi sita imekwisha. Tena hawaandiki nani kaandaa nyaraka, maana asiye wakili akiziandaa kwa malipo anavunja Sheria ya Mawakili. Kabla hujatoa hata shilingi, muombe jina kamili na namba ya uwakili, umtafute kwenye e-Wakili, mfumo wa mtandaoni wa Mahakama wenye orodha ya mawakili, kwa simu yako, yeye akiwa amekaa mbele yako. Akisema mfumo uko chini leo, mwambie utarudi ukipanda.